Hukumu Inayofunga: Kesi ya Jana Ndani ya Rufaa ya Leo

Tuseme una kiwanja Kisauni, Mombasa. Jirani ameanza kusogeza ukuta wake upande wako, ukakimbilia mahakama ya hakimu kuomba zuio, yaani amri ya kumsimamisha, hakimu akakunyima. Una siku 30 za kukata rufaa, na kwa kuwa ni ugomvi wa ardhi, utasikizwa na jaji wa Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Wengi wakifika hapo hudhani wanaanza upya: hadithi ile ile, sauti ya juu zaidi. Sivyo. Hujafungua mdomo, tayari zipo hukumu za kesi za watu wengine zinazomwambia jaji atazame nini na aishie wapi.

Hukumu ya namna hiyo ndiyo inayofunga. Mahakama ya juu ikishaamua jambo la kisheria, ya chini ikikutana na jambo hilo hilo haina budi kufuata, hata kama hakimu moyoni hakubali. Kifungu cha 163(7) cha Katiba ya Kenya ya 2010 kinazifunga mahakama zote kwa maamuzi ya Mahakama ya Upeo, isipokuwa yenyewe. Chini yake ipo Mahakama ya Rufaa, kisha Mahakama Kuu na zinazolingana nayo, kisha mahakimu na makadhi. Majaji wawili wa Mahakama Kuu hawafungani, hushawishiana tu.

Turudi ukutani. Tangu kesi ya Giella ya 1973, mwombaji zuio huulizwa mambo matatu: je, ana kesi yenye mashiko? Je, atapata hasara isiyofidika kwa pesa? Na shaka ikibaki, nani ataumia zaidi? Hakimu akiyaruka maswali hayo, una pa kushika. Akiwa ameyapima vizuri, utakumbana na Mbogo dhidi ya Shah, ya 1968: mahakama inayosikiliza rufaa haiingilii hiari ya aliyeamua, yaani uhuru wake wa kupima na kuchagua, ila akiwa amepotoka kikanuni au amekosea waziwazi. Jaji kuona kwamba yeye angeamua vingine, hilo peke yake halitoshi. Kwa maoni yangu, hapa ndipo rufaa nyingi za maagizo kama zuio huzama, na mteja huondoka akidhani kaonewa.

Kinachofunga ni sababu ya uamuzi, si nani alishinda. Ndiyo maana wakili makini hukuonyesha aya aliyoipigia mstari katikati ya hukumu, si ukurasa wa mwisho. Mwaka 2023, katika kesi ya Dina Management dhidi ya Kaunti ya Mombasa, iliyohusu kiwanja cha Nyali karibu na ufuo, Mahakama ya Upeo ilisema hati miliki haimlindi mnunuzi ikiwa chimbuko lake ni mgao haramu wa ardhi ya umma. Ukiipeleka hukumu hiyo kwenye shamba la Likoni mlilouziana ndugu kwa ndugu, wakili wa pili atasimama: ile ilikuwa ardhi ya umma, hii siyo. Huko ndiko kutofautisha kesi.

Hata mahakama zenyewe huvuka mipaka. Kesi ya Muruatetu, 2017, iliondoa ulazima wa adhabu ya kifo kwa mauaji. Mahakama za chini zikaitumia hadi kwenye wizi wa mabavu na makosa mengine. Mwaka 2021 Mahakama ya Upeo ikafafanua: tulisema mauaji tu, na wenye makosa mengine waanze na kesi zao Mahakama Kuu.