Casablanca siyo mwanzo, jamani

Juzi tena. Taa za ukumbi wa klabu yetu ya sinema hazijawaka vizuri, kijana mmoja kashasimama kutufundisha kwamba sinema ya kupinga ufashisti ilianzia Hollywood, kwa filamu ya Casablanca. Nimelisikia hili mpaka masikio yameota sugu.

Casablanca ni ya 1942. Miaka sita kabla yake, Wajerumani waliomkimbia Hitler walikuwa Moscow wakitengeneza filamu ya Kämpfer, chini ya mwongozaji Gustav von Wangenheim, kuhusu kesi ya moto wa Reichstag, jengo la bunge la Ujerumani. Mwaka 1938 Lenfilm, studio ya Leningrad, ikatoa Profesa Mamlock: daktari mpasuaji Myahudi anafukuzwa hospitalini kwake. Aliyeandika tamthilia yake, Friedrich Wolf, alikuwa Myahudi, daktari na mkimbizi, yote matatu. Agosti 1939 serikali ya Stalin ikatia saini mkataba na ile ya Hitler, na Mamlock ikashushwa kwenye majumba ya sinema ya Kisovieti. Ndiyo maana hamuijui! Si kwamba haikuwepo.

Tena msiipambe Moscow. Alexander Granach, aliyecheza kwenye Kämpfer, alitiwa ndani hukohuko Usovieti 1937. Akaachiwa, akafika Marekani, na 1943 mwongozaji Fritz Lang, naye mkimbizi kutoka Ujerumani, akampa uinspekta wa Gestapo, polisi wa siri wa Hitler, katika filamu ya Hangmen Also Die!

Kinachonikera zaidi ni kumwita kila mwenye jina la Ulaya mkimbizi. Mwongozaji Lubitsch alihamia Hollywood 1922, Curtiz aliyeongoza Casablanca 1926, walifuata kazi. Hitler alikuwa hajashika hata wizara. Mwigizaji Conrad Veidt ndiye mkimbizi: aliondoka Ujerumani 1933, mkewe akiwa Myahudi, kisha Hollywood ikamvalisha magwanda ya Meja Strasser, ofisa wa Kinazi katika Casablanca. Wanaomkimbia Strasser ndani ya filamu ile, wengi wao wamechezwa na watu waliokimbia kwelikweli. Madeleine Lebeau, yule anayelia Marseillaise, wimbo wa taifa wa Ufaransa, ikiimbwa, alitoroka Ufaransa 1940.

Hapa naungama. Darasani husema wakimbizi walileta vivuli vya Berlin, ule mtindo wa giza na mwanga wa sinema ya Kijerumani, na jicho la mtu aliyeyaona. Kwa Lang, sawa. Lakini nikiwatazama waigizaji, naanza kushuku kwamba studio ilichotaka ni lafudhi yao tu: Mjerumani huyu hapa, mpe bunduki, abweke. Sijaamua.

Mwezi ujao tunaonyesha Mamlock. Kijana wangu, kiti cha mbele ni chako.