Wimbo usiopigwa na mkono wowote

Kazi yangu ni kuokoa sauti za zamani: santuri zilizokwaruzika, kanda zilizoganda, na kila kitu ambacho mtu aliwahi kuimba mbele yake. Nilianza nikiamini kwamba sauti ikishanaswa vizuri, imeshapona. Muziki wa ikulu ya Buganda, ufalme ulioko Uganda, ulinitoa katika imani hiyo. Naandika kwa sababu vijana wengi wananasa nyimbo za wazee wao kwa simu, na nawaona wakipita njia niliyopita mimi.

Waganda wameweka kumbukumbu zao nyingi kwenye ngoma. Kila ukoo una omubala wake, yaani mapigo yanayofuata maneno maalumu ya ukoo. Kwa kuwa Kiganda ni lugha ya toni, ngoma inaweza kupanda na kushuka pamoja na maneno, na mwana ukoo akiisikia kwa mbali anajua kwamba ni wao wanaoitwa. Ndani ya Lubiri, ikulu ya Kabaka, yaani mfalme, pale Mengo, kulikuwa na entenga: ngoma 15, ambazo 12 kati yake zimelinganishwa sauti kama mbao za marimba. Hizo 12 hupigwa na watu wanne, na tatu kubwa zilizobaki hupigwa na watu wawili. Nyimbo zake ni zilezile za amadinda, marimba ya mbao 12, na za ennanga, kinubi cha ikulu. Nyingi zinasimulia habari za wafalme na watu waliowazunguka.

Tarehe 24 Mei 1966 majeshi ya serikali ya Milton Obote, yakiongozwa na Idi Amin, yaliivamia Lubiri. Kabaka Edward Mutesa II alikimbilia Uingereza na kufia London mwaka 1969. Falme zilifutwa mwaka 1967, na wapigaji waliokuwa wakiishi kwa zamu za ikulu wakatawanyika. Ufalme uliporejeshwa mwaka 1993, ilikuwa imepita miaka 27, na entenga ilikuwa karibu imenyamaza kabisa.

Lakini sauti yake ilikuwapo. Hugh Tracey, mnasaji wa muziki wa Afrika, alikuwa amepita Lubiri na mitambo yake mwanzoni mwa miaka ya 1950, akanasa muziki wa ikulu, entenga ikiwemo. Mtu angesema: basi, sikiliza, uige. Nami nilifikiri hivyo.

Nimekulia Bukoba, ambako enanga, ala ya nyuzi iliyo tofauti na ennanga ya Buganda, hupigwa na mtu mmoja huku akiimba mwenyewe. Ukimnasa yule mzee, umemnasa mzima. Nikachukua kanda ya amadinda kwa masikio hayohayo. Wiki tatu nilikaa nikiandika noti za wimbo mmoja, nikaridhika kabisa, kisha nikaupeleka kwa fundi mmoja nje kidogo ya Kampala. Alinisikiliza nikiupiga mpaka mwisho, bila kunikatiza.

"Ndiyo, huo ndio wimbo," akasema. "Lakini mwanangu, hakuna anayeupiga huo."

Akalaza migomba miwili chini, akapanga mbao juu yake na kuchomeka vijiti katikati ili zisigongane. Akaniketisha upande mmoja, mwanawe upande wa pili, tukitazamana. Mimi nilipewa sehemu ya okunaga, ya kuanza: safu fupi ya sauti inayojirudia kwa mwendo uleule, mkono wa kulia na wa kushoto ikigonga sauti moja, mmoja juu, mmoja chini. Haikufanana hata kidogo na wimbo niliouandika. Kijana akaingia na okwawula, safu nyingine tofauti, kila pigo lake likitua katikati kabisa ya mapigo yangu mawili. Fundi alinishika kifundo cha mkono, maana nilikuwa nakimbilia pigo la kijana badala ya kuliacha lipite.

Tuliposhikana mwendo, ule wimbo ukatokea. Sikuupiga mimi, wala kijana hakuupiga. Sikio ndilo linalokusanya sauti zilizo karibukaribu na kuzifanya wimbo. Kisha fundi mwenyewe akakaa kwenye ncha ya marimba penye mbao mbili ndogo kabisa. Kazi ya mtu wa tatu ni kusikiliza mchoro unaojitokeza kwenye sauti mbili za chini kabisa na kuurudia kule juu. Anapiga kitu ambacho wenzake wawili wamekitengeneza bila kukikusudia.

Gerhard Kubik, mtafiti wa muziki kutoka Austria, alilieleza jambo hili kwa maandishi mwaka 1962, baada ya kujifunza kwa Evaristo Muyinda, mpigaji wa ikulu. Hakulipata kwenye kanda. Alilipata kwa kuketi kwenye mbao na kupewa sehemu yake.

Ndiyo maana entenga haikurudi kwa kusikiliza kanda peke yake. James Isabirye wa Chuo Kikuu cha Kyambogo aliwapeleka vijana kwa mzee Musisi Mukalazi, aliyekuwa amebaki katika wapigaji wa zamani, wakajifunza kwa mikono yake. Kanda ilikuwa kipimo cha kujisahihisha. Mgawanyo, yaani nani anaanza, nani anaingia katikati na anaingia lini, ulikuwa kwa mzee.

Siku hizi nikinasa muziki wa aina hii, naomba kwanza kila mpigaji apige sehemu yake peke yake, hata kama ananiona mtu wa ajabu. Halafu wawili wawili. Mwisho wote. Naandika nani alikaa wapi na alifundishwa na nani. Kazi inachukua siku nzima badala ya nusu saa, na wazee wengine huchoka wakaniambia niende nirudi kesho.

Yule fundi bado ananifundisha. Mara ya mwisho aliniweka kwenye zile mbao mbili ndogo, akaniambia nisiangalie mikono ya mtu yeyote. Nilizikosa mara nne. Mara ya tano nilisikia kitu kutoka chini, nikakifuata, naye akatikisa kichwa kukubali bila kuacha kupiga.