Korija ngapi za boriti? Dhana potofu kuhusu hesabu za mafumbo

Baada ya alasiri watoto wa mtaa wetu hapa Langoni, Lamu, huja barazani kwangu na madaftari yao. Kujumlisha na kutoa hawakuogopi. Lakini wape fumbo lenye vitu vitatu visivyojulikana, utaona kalamu zinawekwa chini. Nimewasikiliza kwa muda mrefu, na naamini hesabu yenyewe haiwashindi. Wanakwamishwa na mambo waliyoyaamini kabla hata ya kulisoma swali.

Fumbo ninaloanza nalo ni hili:

Jahazi limepakia korija 47 za mikoko: pau, mazio na boriti. Mazio yamezidi boriti kwa korija 5. Pau ni mara mbili ya mazio. Kila aina ni korija ngapi?

(Kwa asiyekuwa wa huku: korija ni vipande 20. Pau ni nyembamba, mazio yamezidi kidogo unene, na boriti ndizo zilizobeba dari za nyumba zetu za mawe.)

Dhana: Vitu vitatu visivyojulikana lazima vipewe herufi tatu.

Unaweza kuvipa, si kosa. Lakini hapa herufi moja inatosha, ukishajua nini kinapimwa kwa nini. Pau zinapimwa kwa mazio. Mazio yanapimwa kwa boriti. Boriti hazipimwi kwa chochote, basi hapo ndipo pa kuanzia.

Tuseme korija za boriti ni b. Mazio ni b + 5. Pau ni mara mbili ya hayo yote, yaani 2(b + 5), ambayo ni 2b + 10. Mabano hayo yaandikwe, maana asiyeyaandika huzidisha b peke yake na ile 5 ikabaki vile vile. Jumlisha zote tatu: 4b + 15 = 47. Toa 15, zinabaki 32. Gawa kwa 4, b ni 8. Boriti ni korija 8, mazio 13, pau 26.

Ukianza na pau, ukaziita p, mazio yatakuwa nusu ya p, na boriti nusu ya p kasoro 5. Jumla ni 2p − 5 = 47, na p ni 26. Umefika pale pale, ila umepitia kwenye hesabu za nusu.

Dhana: Ukiona "zidi" jumlisha, ukiona "pungua" toa.

Hii ndiyo inayoharibu kazi nyingi kuliko zote, na wakubwa nao wanaangukia humo humo. Mtoto anasoma "mazio yamezidi boriti kwa 5" na mkono wake unafuata mpangilio wa maneno: m + 5 = b. Amekiongeza kile ambacho tayari ni kingi!

Mimi huwauliza kwanza: kipi kingi? Mazio. Sasa ili viwe sawa, utaongeza upande gani? Ule mchache. Basi b + 5 = m. Ningesema "boriti zimepungua mazio kwa 5", neno limegeuka lakini mlinganyo ni ule ule.

Kosa hilo lina ndugu yake. "Pau ni mara mbili ya mazio" huandikwa 2p = m, kwa kuwa mtoto anaona machoni pau mbili kando ya mazio moja. Anaidhani herufi ni mti. Herufi ni idadi: p ni idadi ya korija za pau. Idadi kubwa ni ya pau, kwa hiyo idadi ya mazio ndiyo inayozidishwa kwa 2.

Dhana: Kubahatisha ni aibu.

Wamisri wa kale walifanya hivyo na kuyaandika kwenye mafunjo zaidi ya miaka 3,500 iliyopita: chukua namba ya kudhani, tazama imekosea kwa kiasi gani, kisha irekebishe. Jaribu boriti 10. Mazio 15, pau 30, jumla 55, zimezidi 47 kwa 8. Kila korija ya boriti unayopunguza inapunguza jumla kwa 4. Punguza 2. Umepata 8.

Dhana: Taarifa zikiwa nyingi, jibu litapatikana tu.

Chukua fumbo jingine, la kutafuta bei ya chai na ya hamri. Shee amekunywa chai vikombe 2 na kula mahamri 3, amelipa shilingi 90. Bakari kikombe 1 na mahamri 4, shilingi 70. Zidisha malipo ya Bakari mara mbili: vikombe 2, mahamri 8, shilingi 140. Tofauti yake na Shee ni mahamri 5 kwa shilingi 50. Hamri ni 10, chai 30.

Sasa mwondoe Shee, umlete Omari aliyelipa 140 kwa vikombe 2 na mahamri 8. Taarifa bado ni mbili, lakini Omari amerudia tu maneno ya Bakari. Chai 30 na hamri 10 inakubali, na chai 50 na hamri 5 inakubali pia.

Dhana: Aljebra ni mambo ya herufi.

Mwanahesabu Al-Khwarizmi aliandika kitabu chake cha al-jabr, neno lililotupa "aljebra", huko Baghdad katika karne ya 9 kwa maneno matupu. Kisichojulikana alikiita "kitu". Sehemu kubwa ya kitabu ni mirathi na wasia, mambo ambayo kila nyumba hapa Lamu inayajua.

Dhana: Mlinganyo ukikubali, jibu ni sahihi.

Rudi kwa yule aliyeandika m + 5 = b. Pau kwake ni 2m, jumla 4m + 5 = 47, na m inakuwa 10.5. Hata hashtuki, kwa sababu nusu korija ni vipande 10 tu. Mazio 10.5, boriti 15.5, pau 21: jumla 47 kamili, na mlinganyo wake umekubali. Nikamwambia aache daftari, alisome swali kwa sauti. Akafika kwenye "mazio yamezidi boriti", akanyamaza, akaomba ufutio.