Victor Sjöström: mtu wa jukwaani aliyeingia filamu bubu

Victor Sjöström alikuwa mwigizaji na mwongozaji wa filamu wa Sweden, na wengi wanamjua kama yule mzee wa *Smultronstället*, filamu ya mwongozaji Ingmar Bergman ya 1957. Ya nyuma yake yamejaa hadithi za vijiweni; hizi hapa chache, na ukweli wake.

“Waliokimbilia sinema ni walioshindwa jukwaani.”
Sivyo. Mwaka 1912 Charles Magnusson, mkuu wa kampuni ya filamu ya Svenska Bio, alipomwita, Sjöström alikuwa na miaka 32, ana jina, na anaongoza kundi lake la maigizo mjini Malmö. Magnusson alitaka watu wa aina hiyohiyo ili filamu za Sweden zipate heshima.

“Mwigizaji wa jukwaani hutia chumvi mbele ya kamera.”
Hapa ndipo ninapobishana na watu hadi chai inapoa. Itazame *Ingeborg Holm* ya 1913, filamu ambayo Sjöström aliiongoza, na iliyotokana na tamthilia. Mjane anafilisika, anapelekwa kwenye nyumba ya maskini, na watoto wake watatu wanagawiwa kwa walezi. Hilda Borgström, naye mtu wa jukwaani, kuna mahali anatugeuzia mgongo kabisa. Uso huuoni, ila mabega yanakwambia yote. Baadaye, akili ikishamruka, anabembeleza kipande cha ubao kama mtoto mchanga, taratibu, bila kelele za mikono. Mgongo ule haukuwa bahati nasibu: kumpanga mtu mbele, mwingine nyuma, na kujua nani ageuke lini ni kazi ya jukwaani. Filamu hiyo ilizua mjadala magazetini kuhusu jinsi Sweden ilivyowatendea maskini wake.

“Nchi yake ilimpokea kwa mikono miwili.”
Filamu ya kwanza aliyoongoza, *Trädgårdsmästaren* ya 1912, ilipigwa marufuku na wakaguzi wa Sweden. Nakala yake ilikuja kupatikana Marekani baada ya miaka mingi.

“Mizimu ya filamu yake *Körkarlen* ilitengenezwa maabara.”
Ilitengenezwa ndani ya kamera. Mpiga picha Julius Jaenzon alipiga tukio, akarudisha mkanda nyuma, kisha akapiga tena juu yake. Kamera ilizungushwa kwa mkono, kwa hiyo mwendo ulipaswa kulingana kila safari. Mkono ukiteleza, kazi imeharibika. Filamu ilitoka Januari 1, 1921, kutoka riwaya ya Selma Lagerlöf, na mlevi David Holm aliigizwa na Sjöström mwenyewe.

“Filamu bubu, basi waigizaji walinyamaza.”
Walisema. Mkanda ndio haukunasa sauti.

“Ukishaonja sinema, huwezi kurudi jukwaani.”
Alikwenda Hollywood, akaitwa Seastrom, akaongoza *The Wind* ya 1928. Kisha akarejea Sweden, akaacha karibu kabisa kuongoza filamu, akawa mwigizaji tena, kwenye filamu na jukwaani pia.