Kuhesabu filimbi jikoni Pune

Mimi ni mtafiti wa uchumi wa kaya. Wanafunzi wangu hupenda kuanza na dodoso. Mimi huwaambia watangulize masikio. Katika nyumba za watu wa kipato cha kati mjini Pune, magharibi mwa India, asubuhi ina sauti zake.

Maji kwanza, maana mabomba ya miji mingi ya India hutoka kwa saa chache tu. Kisha maziwa, pakiti za nusu lita zilizoachwa mlangoni. Huchemshwa hata kama kiwandani yalishapitishwa motoni. Yakipoa, utando wa juu huenguliwa na kuwekwa kwenye bakuli ndani ya friji. Likijaa, hutiwa mtindi kidogo, husukwasukwa, siagi ikatoka, ikachemshwa ikawa samli. Samli ya dukani ipo, na hela ya kuinunua wanayo. Baba hupewa kazi ya kuangalia maziwa yasifurike. Huwa anasoma gazeti, na maziwa hufurika.

Halafu presha kuka, sufuria ya kifuniko kinachobana mvuke, na mvuke ukizidi hupiga filimbi. Ndani yake vyombo hupandana: mchele kimoja, mbaazi zilizokobolewa kingine (nyingine zimelimwa Lindi na Mtwara), vyote kwa moto mmoja. Mvuke ukibanwa, maji hufika karibu nyuzi 120 badala ya 100, chakula kikaiva upesi. Saa haitazamwi, zinahesabiwa filimbi. Mchele na mbaazi, tatu au nne. Maharage mekundu yaliyolowekwa usiku kucha, zaidi, na kila jiko lina hesabu yake. Mama anamsuka binti nywele chumba cha pili, ya tatu ikilia, anapaza sauti: "Zimeni gesi!" Mtungi wa kawaida wa nyumbani ni kilo 14.2, na filimbi ya ziada ni gesi iliyopotea.

Utafiti wa kitaifa wa matumizi ya muda wa mwaka 2019 ulionyesha kuwa wanawake wanaofanya kazi za nyumbani zisizo na malipo hutumia wastani wa dakika 299 kwa siku, wanaume wanaozifanya dakika 97. Nikiziona takwimu hizo humkumbuka yule mama. Anayesuka nywele huku akihesabu filimbi, tumwandike anafanya kazi gani? Wakusanya takwimu wangu walikuwa wakiandika kusuka tu. Siku hizi nawataka waandike zote mbili, na ugomvi wetu umehamia kwenye dakika: zigawanywe au zihesabiwe mara mbili?