Dokumentari ya msanii haionyeshi kila kitu kama kilivyotokea

Wengi tunaamini dokumentari ya mchoraji-mshairi asiyefuata kanuni inaonyesha maisha yake vilevile yalivyo, kamera imewashwa tu basi. Kiukweli mtu anarekodiwa masaa kibao halafu kinabaki kipande kidogo, na mengine anaombwa arudie, hata ile filamu maarufu ya 1922, Nanook of the North, ya Wainuit (wenyeji wa kaskazini kwenye baridi kali) wa Kanada, nyumba ya theluji ilijengwa nusu wazi ili mwanga uingie. Haimaanishi ni uongo jamani, ila kuna mtu amechagua. Kucheki ni rahisi, angalia kanvasi, kile kitambaa anachochorea: kona ilishapakwa bluu, shoti inayofuata iko nyeupe tena, ujue vipande vimepangwa upya. Na shairi likisomwa, litafute lilivyochapishwa uone beti gani zimerukwa.