Goti halilii kwenye mpando

Watu wanaokuja kliniki kwangu baada ya safari ya milimani nawajua kwa namna wanavyokaa. Mtu anashika mikono ya kiti, anajishusha nusu, halafu anajiachia tu, pu! Nikimuuliza kilichomfika, ananisimulia mpando ulivyokuwa mkali. Mimi namuuliza habari za mteremko.

Kwenye mpando vinavyolalamika ni moyo na mapafu, na ukisimama dakika mbili tatu pumzi inarudi. Kushuka kunahadaa. Pumzi ipo, mnapiga soga, kumbe misuli ya mbele ya paja imegeuzwa breki. Kila unapotua mguu, goti linakunjika na misuli hiyo inakaza huku inavutwa irefuke. Kazi ya namna hiyo haili nguvu nyingi, ndiyo maana hushtuki, ila misuli inachanika ndani kwa ndani, michaniko midogo isiyoonekana kwa macho. Sasa piga hesabu ya maelfu ya hatua, na shanta la kilo 15 mgongoni.

Maumivu yenyewe huchelewa. Hupamba moto kati ya saa 24 na 72 baadaye. Wengi huisingizia asidi ya laktiki, ile inayotengenezwa na misuli ikifanya kazi kwa nguvu, na hapo huwa nabisha: laktiki huondoka kwenye damu ndani ya saa moja hivi ukishapumzika. Siku ile unayoshindwa kuchuchumaa chooni (kipimo changu hicho, mniwie radhi), ilishaondoka kitambo.

Kinga ni kuionjesha misuli mteremko mapema. Simama kwenye ngazi kwa mguu mmoja, ushushe kisigino cha mguu wa pili polepole, moja, mbili, tatu, mpaka kiguse ngazi ya chini, kisha upande tena. Mara ya kwanza utaumwa. Ukirudia baada ya wiki, utashangaa maumivu yalivyopungua. Njiani piga hatua fupi, tanguliza fimbo mbili, na kabla ya kushuka kaza kamba za buti kwenye kifundo, la sivyo kucha zitagonga mbele hadi ziwe nyeusi.

Ila mkojo ukitoka na rangi ya soda ya kola, paja limevimba na halina nguvu, usisubiri kesho. Protini ya misuli iliyovunjika imeingia kwenye damu na inaweza kuharibu figo. Nenda hospitali siku hiyohiyo, na usimeze ibuprofeni, ile dawa ya maumivu, njiani. Nayo huzielemea figo zilezile.